Mahali Mlima Ulipoanzia

Kaka yangu alimuua Fundi Cheche saa ya chai, kwa spana ya kufungulia minyororo ya tingatinga, mbele ya watu walioshika vikombe mkononi.

Nilikuwepo. Nilikuwa nimempelekea kaka ufunguo wa nyumba aliousahau, nikasimama mlangoni mwa banda nikingoja amalize chai yake, maana sipendi kuingia mahali penye wanaume wengi. Banda lilikuwa la mabati, lina mabenchi pande mbili na meza ndefu katikati, na kila kitu ndani yake kilikuwa na lile vumbi jeupe la machimbo, vumbi linaloingia kwenye mkate, kwenye sukari, kwenye kope. Wachimbaji wenyewe walikuwa na mzaha wao: mtu akifanya kazi hapa miaka mingi, siku akifa asizikwe, asimamishwe tu njia panda, tayari ni sanamu.

Mizaha mingi ya aina hiyo ilitoka kwa Fundi Cheche, mchomeleaji. Hakuwa mtu mbaya. Nondo za madirisha ya darasa langu alizichomelea yeye, siku yake ya mapumziko, akakataa hata maji ya kunywa. Lakini ulimi wake haukuwa na breki, na siku hiyo uliteremkia kwa kaka yangu, ambaye watu wote humwita Tinga kwa sababu ya mashine anayoendesha.

"Tinga, shemeji yuko wapi siku hizi? Hatumwoni."

"Kwao."

"Anapumzika?"

"Anapumzika."

"Apumzike. Kuharibikiwa mimba mara mbili si jambo dogo." Fundi Cheche akapuliza chai yake. "Lakini na wewe, ndugu yangu, nani alikutuma? Umelitoa jiwe mahali pake, sasa jiwe linawatoa watoto mahali pao. Mko sare."

Watu wawili watatu walicheka, halafu wakaacha.

Kaka aliweka kikombe chini polepole, kama mtu anayetaka kuondoka zake. Akachukua spana iliyokuwa kwenye benchi. Pigo la kwanza lilimpata Cheche kwenye taya, na mlio wake ulikuwa mdogo, kama sahani iliyovunjikia ndani ya kitambaa. Cheche alijaribu kusema kitu. Bado alikuwa na lile tabasamu la mzaha, upande mmoja tu wa uso, upande uliobaki na uwezo wa kutabasamu. Pigo la pili lilimpata juu ya sikio, akaanguka kifudifudi mezani, chai ya watu wote ikamwagika. La tatu sikuliona kwa sababu nilikuwa nimefumba macho. Nililisikia.

Nilipofumbua, kaka alikuwa anaitazama spana kana kwamba kuna mtu amempa amshikie kidogo. Akaiachia ikaanguka. Kisha akanipita mlangoni, bega lake likanigonga, akakimbia.

Hakukimbilia getini, ambako kulikuwa na barabara na malori na vichochoro vya kujifichia. Alikimbilia juu.

Hapo ndipo nilipojua kwamba alikuwa anaamini.

Ninafundisha historia, na kila mwaka huwa natumia vipindi viwili kuwaeleza wanafunzi habari za mlima wetu, kwa sauti yangu ndogo inayowafanya waliokaa nyuma wasogee mbele. Huwaambia kwamba watu wa kwanza waliutazama kujua kama mvua itanyesha, wakaona kwamba anayejua siri ya mvua lazima awe anakaa huko. Baadaye, enzi za vita, waliokimbia waliishi mapangoni mwake, wakaanza kuuita mama. Watawala waliotoka mbali walipofika waliupima kwa kamba na darubini, wakasimika bendera kileleni, wakauita jina la mtu ambaye hakuwahi kuuona. Bendera ile iliposhuka, ikapanda nyingine. Wachamungu nao wakapanda kukesha na kuomba, wakasema kule juu sauti haina umbali mrefu wa kwenda. Kila kizazi kilipanda na kitu cha kukiweka juu. Kizazi chetu ndicho cha kwanza kupanda kwa ajili ya kushusha.

Katika hayo yote kulikuwa na jambo moja ambalo halikubadilika, nalo ni Kizingiti. Lilikuwa jiwe jeupe, refu kama kitanda, limelala pale ardhi ilipoanza kuinuka. Juu ya Kizingiti, mlimani kote, damu ya mtu haimwagwi. Hata mwuaji akishalivuka, anayemfukuza husimama upande wa chini, na jamaa wa pande zote mbili hukaa na kuzungumza, hata kama ni mwezi mzima. Bibi yetu aliwahi kuona mwanajeshi mtoro ameketi juu ya lile jiwe anamenya chungwa, na waliomtafuta wamesimama hatua chache wakimtazama anavyokula.

Machimbo yalipotaka kupanua geti, hakuna dereva aliyekubali kuligusa. Kaka alikubali. "Jiwe ni jiwe," alisema, akalichomoa kwa koleo la mashine kama jino, likaenda kwenye kinu na mengine, likatoka kokoto. Jioni ile alikula vizuri. Mkewe alipoharibikiwa mimba mara ya kwanza, hakusema kitu. Mara ya pili nilimkuta uani ananawa mikono ambayo haikuwa michafu.

Sasa alikuwa anapanda njia ya mashine kuelekea juu, na nyuma yake watu walikuwa wanamwagika kutoka bandani.

Machimbo yamekatwa kama ngazi. Kuna uwanja chini, ambako kuna banda na kinu na marundo ya kokoto, halafu kuna ngazi moja kubwa ya mwamba juu ya nyingine, na juu kabisa ukuta ulionyooka ambao hata mbuzi hawezi kuupanda. Zamani pale palikuwa na njia ya kwenda mapangoni. Kaka alifika ngazi ya mwisho, akaugusa ule ukuta kwa viganja viwili, akageuka. Hakukuwa na mahali pengine pa kwenda. Ukuta ule aliukata yeye.

Mawe ya kwanza yalirushwa na watu waliokuwa wanakunywa naye chai muda mfupi uliopita. Kokoto haina uzito wa kumfikia mtu juu vile, wakatafuta makubwa zaidi. Moja lilimpata kwenye goti, akainama. Jingine lilimpasua paji la uso, damu ikamshuka machoni, akawa anapangusa kwa mkono mmoja huku mwingine umeshika mwamba. Msimamizi wa machimbo alipanda gari lake akafunga vioo. Polisi wawili wa kituo cha mjini walifika hadi getini, wakaona umati, wakarudi kuomba nguvu.

Nilikwenda nikasimama pale njia ya mashine inapoanza kupanda, njia pekee ya kumfikia. Sijui nilidhani nitafanya nini.

Kisha umati ukagawanyika, akaja Bucha.

Bucha ni kaka yake mkubwa Fundi Cheche, na duka lake la nyama liko barabara kuu. Alikuja na aproni yake, na panga la kukatia mifupa. Alikuwa amepitia bandani kwanza. Nilijua kwa sababu magoti ya suruali yake yalikuwa yamelowa, na haikuwa chai. Nilipokuwa mdogo mtu huyu alinibeba mabegani siku ya mafuriko akanivusha mtaa mzima.

"Mwalimu, toka njiani."

"Kaka Bucha," nikasema, "yuko mlimani."

"Sema kwa sauti, hawakusikii."

"Yuko mlimani."

"Mlima gani?" Aliwageukia watu. "Jamani, kuna mtu anaona mlima hapa? Mlima mlishaupakia kwenye malori. Kaka yako ndiye alikuwa anapakia. Leo ameukumbuka?"

"Kizingiti kilikuwa kule chini, getini. Kutoka pale kuja huku ni mlima, hata kama umechimbwa. Ukichimba shimo uani kwako, ua haujahama." Sauti yangu ilikuwa inapanda yenyewe, kama maji yanapochemka. "Nyinyi wote mnajua. Mlifundishwa kabla hamjajua kusoma. Unataka kummwagia mtu damu mlimani, kaka Bucha? Wewe?"

Niliona mzee mmoja wa kinu akiliachia jiwe lake chini taratibu, akijipangusa kiganja. Nikafikiri, imekubali. Nikafikiri, kumbe mtu anaweza.

Bucha hakuwa ananitazama tena. Alikuwa anatazama banda.

"Mdogo wangu amelala pale," alisema. "Pale ni wapi?"

Nililielewa swali kabla halijaisha. Banda liko ndani ya geti. Liko mbali na geti, karibu na kinu.

"Nakuuliza, Mwalimu. Pale alipolala, ni mlimani au si mlimani?"

Nikainamisha macho kwenye kokoto.

"Wafundishe. Leo darasa limejaa."

"Kaka Bucha..."

"Bibi yako alikumalizia ile hadithi, au alikuachia nusu? Mimi nilimaliziwa. Aliyemwaga damu juu ya Kizingiti, mlima haumjui. Anashushwa chini ya jiwe anakabidhiwa wenye maiti. Ndivyo au sivyo?"

Ndivyo ilivyokuwa. Nusu ile huwa siifundishi, kwa sababu wanafunzi wangu ni wadogo.

"Basi hakuna mlima," nikasema. "Ni mawe tu. Umeshakwisha. Mwachieni polisi."

"Sasa hivi ulikuwepo," alisema Bucha. "Umekwenda wapi?"

Watu walicheka, kile kicheko cha watu walioshika mawe, na baada ya kicheko hicho hakukuwa na kitu cha kuwazuia. Mtu alinishika nywele kwa nyuma. Mwingine alinipiga teke tumboni, nikaona ni kijana aliyekuwa mwanafunzi wangu, nikaona na yeye amenitambua, akanipiga la pili ili asinitambue. Nilianguka kwenye kokoto. Viatu vilikuwa vingi. Nilifunika kichwa nikasikia mkono wangu unakanyagwa, kidole kimoja kinakwenda upande ambao hakikuumbiwa, na juu ya yote hayo nikasikia sauti ya kaka yangu kutoka juu kabisa.

"Mwacheni. Nakuja. Mwacheni, nakuja."

Alishuka. Angeweza kubaki, pengine polisi wangerudi, pengine giza lingeingia. Alishuka ile njia ya mashine akichechemea, mikono mbele, macho yamejaa damu, kama kipofu anayeingia chumba asichokijua. Hawakungoja afike chini.

Sitasimulia yote. Mtu mmoja mwenye koleo alimpiga la mgongo akaanguka, akainuka, akapigwa tena. Waliopiga hawakuwa wanapiga kelele. Walikuwa wanahema tu, kama watu wanaopakua mzigo, na kila mmoja akichoka alimpisha mwenzake. Nilisikia mbavu. Nilitambaa mpaka nikaushika mguu wake mmoja, nikaukumbatia. Nao waliendelea kumpiga upande nilioacha wazi.

"Pisheni," alisema Bucha.

Walipisha. Bucha alimkamata kaka ukosi wa shati, akamwinua kichwa, akaweka panga pale shingo inapokutana na bega. Ni mtu anayejua pa kuweka.

"Si hapa."

Aliyesema alikuwa mama yao Bucha na Cheche. Sikuwa nimemwona anakuja. Alikuwa mama mfupi, mnene, mwenye miguu mibovu, na alikuwa ametoka bandani peke yake. Nguo yake upande wa mbele wote ilikuwa imeganda damu, kwa sababu alikuwa amekipakata kichwa cha mwanawe.

"Mama, rudi ukakae."

"Umesema mwenyewe kwamba hapa ni mlimani. Nimekusikia nikiwa kule ndani. Sasa kama ni mlimani, ni mlimani kwa wote. Usiimwage hapa. Mimi nimebakiwa na mtoto mmoja, sitaki naye mlima umkane."

"Mbona damu imeshamwagika tayari," alisema mtu nyuma. "Si hiyo hapo?"

"Hiyo ni ya mawe," alisema Bucha bila kugeuka. "Mlima umeimwaga wenyewe." Akalishusha panga. "Mshusheni getini."

Walimburuta. Nilishikilia mguu mpaka mtu akanibandua kidole kimoja kimoja, na alipofika kwenye kile kilichovunjika nikaachia wote. Niliinuka nikafuata. Mama yao alikuwa anatembea nyuma, akivuta miguu.

Getini watu wakasimama, na hapo ndipo pakatokea ubishi, wa kijinga kabisa, wa watu waliochafuka damu wanaobishana kama majirani juu ya mpaka wa shamba. Mmoja alisema Kizingiti kilikuwa hapa hapa. Mwingine akasema hapana, geti limeshahamishwa, zamani lilikuwa kule kwenye mizani ya malori. Wa tatu akasema barabara imeinuliwa kwa kifusi, huwezi kujua tena ardhi ilianza kupanda wapi. Vijana walikuwa hawajui kabisa. Mwaka mmoja tu, na walikuwa hawajui.

Mimi nilijua. Kilikuwa chini ya nguzo ya kushoto ya geti. Nimekaa juu yake nikiwa na miaka sita, nikila mkate, na aliyekaa pembeni yangu alikuwa Fundi Cheche, na aliyekuwa anatuangalia tusianguke alikuwa Bucha.

Nilimtazama. Alikuwa anaitazama nguzo ya kushoto.

"Nani alikichimba?" akauliza.

Macho yote yakamwendea kaka.

"Nauliza, nani alikichimba? Si huyu? Basi yeye ndiye anajua. Muulizeni yeye."

Wakamwinua kaka akasimama, mmoja kila kwapa. Jicho moja lilikuwa limefunga. Meno ya mbele hayakuwepo.

"Kizingiti kilikuwa wapi?" Bucha alimwuliza. "Hapa?"

Kaka alitazama nguzo. Alitazama kwa muda mrefu.

"Bado," akasema.

"Mbele?"

"Mbele."

Wakaenda mbele. Pale kwenye mizani, ambapo malori hupimwa, Bucha akauliza tena, kwa sauti kubwa ya sokoni, "Hapa?" Kaka akatikisa kichwa. Bado. Wakaenda. Mtu wa koleo akampiga kofi la kichogo kumharakisha, na mwingine akamtegea mguu, akaanguka usoni kwenye lami, wakamwinua. Tukapita kwa fundi matairi. "Hapa?" Bado. Fundi matairi alikuwa amesimama na mpira mkononi, povu la sabuni linadondoka. Tukaipita nyumba ya kwanza ya mji, na ya pili. Mafundi cherehani waliacha kukanyaga. Watoto walivutwa ndani na milango ikafungwa, kisha mapazia yakasogea.

Kila tulipopita palikuwa mbali zaidi na mlima, na kila aliyezidi miaka ishirini katika umati ule alijua kwamba hakuna jiwe lililowahi kulala mbele ya duka la dawa. Walianza kuguna.

"Bucha, huyu anatuchezea."

"Wewe unajua kilipokuwa?"

"Sijui hasa, lakini..."

"Basi nyamaza, anayejua ndiye huyu."

Mtu wa koleo alikuwa wa kwanza kuondoka. Alisema anakwenda kurudisha koleo. Yule aliyekuwa mwanafunzi wangu sikumwona aliondoka saa ngapi. Wengine walifika nyumbani kwao, kwa kuwa barabara ilikuwa inapita nyumbani kwao, wakasimama mlangoni na kutazama mikono yao. Waliobaki walizidi kumpiga kaka, kama watu wanaojilipa kwa kutembea. Alikuwa anakohoa kitu chekundu chenye mapovu. Mimi nilikuwa namwomba Mungu kimoyomoyo amwache aendelee kusema uongo.

Mbele ya duka la nyama la Bucha, mizani inaning'inia na nzi wametulia, kwa kuwa aliliacha wazi, aliuliza tena. "Hapa?" Sauti yake haikuwa kubwa kama mwanzo.

"Bado, kaka."

"Usiniite kaka."

"Bado."

Sasa tulikuwa wachache. Alikuwepo Bucha, na binamu zake wawili waliombeba kaka kwa makwapa, na mimi, na mama yao nyuma kabisa, ambaye hakuna aliyemwambia apumzike. Kituo cha polisi kilionekana mwisho wa barabara, ukuta wake wa chokaa, baiskeli imeegemezwa mlangoni. Kutoka pale tulipokuwa ungeweza kurusha jiwe ukakipata. Na niliona jambo ambalo nilipaswa kuliona tangu getini. Bucha alikuwa ameacha kumtazama kaka. Alikuwa anatazama ile baiskeli. Alikuwa anauliza, anajibiwa, anasogea, na panga alikuwa amelishika vibaya, kwa upande wa bapa, kama mtu anayebeba kitu cha mwenzake.

"Hapa?" akauliza.

Kaka alikuwa amegeuza shingo kwa shida, anamtazama mama yao, aliyekuwa anatufikia, anahema, na ile nguo yake.

"Mama," alisema.

"Tembea," nikamwambia. "Kaka, tembea tu."

"Mama, tulishapita. Kilikuwa getini, chini ya nguzo ya kushoto. Nilikitoa kwa mikono yangu. Na mwanao sikumuua kwa bahati mbaya."

Bucha alisimama. Alimwambia kwa sauti ya chini sana, sauti ambayo sikuwahi kumsikia nayo, "Kwa nini umesema?"

"Siwezi kumdanganya mama."

"Ulikuwa umebakiza pale tu. Pale tu, mpumbavu wewe."

"Umesikia, Bucha," alisema binamu mmoja. Alimwachia kaka kwapa, kaka akapiga magoti. "Amekiri mwenyewe. Hapa si mlimani. Maliza, au nipe mimi."

Panga likageuka mkononi mwa Bucha. Niliona makali yanakuja upande wa mbele. Nilimrukia mkono wake kwa mkono wangu mzima, akanikung'uta nikagonga ukuta wa nyumba ya mtu, na panga likashuka. Sijui alilenga wapi, na nadhani yeye pia hajui. Liliingia begani kwa kaka, likakwama kwenye mfupa. Kaka hakupiga kelele, alitoa pumzi tu. Bucha alilivuta, halikutoka, akaweka kiatu mgongoni mwake akalivuta tena, likatoka. Akaliinua mara ya pili.

"Amesema nini?" aliuliza mama yao.

Alikuwa amefika. Alisimama na kushika kiuno.

"Amesema tumeshapita, shangazi," alijibu binamu. "Amesema kilikuwa getini."

"Sikusikia."

"Amesema wazi, sote tume..."

"Mimi sikusikia." Alikuwa anahema kati ya maneno. "Mfiwa hapa ni nani, ni wewe au ni mimi? Mimi nimesikia bado. Tangu kule getini nimesikia bado, bado. Kama bado, si mtembee? Mnasimama njiani mnangoja nini?"

Hakuna aliyesogea. Panga lilikuwa hewani.

"Mama," alisema, "amemuua Cheche."

"Najua alichofanya. Nimemshika kichwa. Kilikuwa laini." Akamgusa mgongo. "Tembea, mwanangu."

Bucha alishusha panga. Aliinama akamshika kaka kwapa lile lililoachwa, akamwinua, na damu ya bega ikamwagika kwenye aproni juu ya damu ya ng'ombe na ya mdogo wake. Binamu mmoja alitema mate akageuka akaondoka. Wa pili alibaki, nadhani kwa sababu hakujua namna ya kuachia. Wakatembea. Kaka alikuwa hakanyagi tena, vidole vya miguu vilikuwa vinaburuta. Bucha hakuuliza tena kama ni hapa.

Polisi alifungua mlango kabla hatujagonga. Alimpokea kaka, akanyoosha mkono apewe panga, ikabidi amfungue Bucha vidole mwenyewe. Ndani wakamlaza kaka kwenye benchi, mtu akapiga simu kuita gari la wagonjwa, mwingine akauliza jina na umri. Nilimsikia kaka anajibu. Alikuwa anajibu.

Mama yao hakuingia. Aliketi kwenye ngazi ya kituo, miguu mbele, akaanza kulia, si kwa kelele, kama mtu anayeumwa jino. Nilirudi nje. Niliinama nikataka kumshika mkono.

"Usiniguse," alisema. "Nenda kamwangalie kaka yako, kabla moyo haujanigeuka."

Nikaenda.